Nyoka wa kufugwa: Kiu humuua kimya kabla ya njaa

KATIKA nyumba nyingi za Marekani na Ulaya, ndani ya sanduku la kioo lililowekwa pembeni mwa sebule, huishi nyoka mdogo mnene mwenye mabaka ya kahawia na rangi ya chungwa. Jina lake ni la Kenya. Wafugaji wa huko humwita boa wa mchanga wa Kenya, ijapokuwa makao yake ya asili yameenea pia katika nchi jirani za Tanzania, Somalia na Ethiopia hadi Sudan na Misri. Hana sumu, jike lake ndilo kubwa kuliko dume, na aghalabu hata jike hilo halifiki urefu wa mita moja. Sehemu kubwa ya maisha yake huipitisha akiwa amejifukia mchangani, akiacha macho na pua tu.

Kwa kuwa nyoka huyu ni mzawa wa nchi kame, wapo wanaomnunua wakidhani kuwa hana haja ya maji. Humwekea mchanga, wakampa taa ya joto na panya mmoja kila baada ya siku kadhaa, kisha wakaridhika. Bakuli la maji huondolewa kwa hoja kwamba hulimwagia mchanga na kuulowesha. Miezi inapopita, ngozi ya nyoka huanza kukunjamana, gamba hutoka vipande vipande badala ya kutoka zima, na figo huharibika pasipo mtu yeyote kutambua. Siku anapokutwa amekufa, mwenyewe hushangaa, kwani chakula alikuwa akila.

Mshangao huo unatokana na kosa moja. Binadamu hupima uzima wa mnyama kwa ulaji wake, na kwa nyoka kipimo hicho hupotosha. Nyoka mkubwa mwenye afya anaweza kukaa wiki kadhaa, na baadhi ya chatu hata miezi, bila kula chochote, kisha akaendelea na maisha yake. Maji hayana subira ya namna hiyo. Isitoshe, nyoka hana sauti ya kulalamika. Ng'ombe mwenye kiu hulia zizini na mbwa hukwaruza bakuli lake tupu, lakini nyoka hujikunja pembeni, akanyamaza jinsi alivyonyamaza jana.

Kabla ya kuendelea, ni vyema kukumbusha kwamba humu nchini nyoka ni wanyamapori. Sheria ya Uhifadhi na Usimamizi wa Wanyamapori ya mwaka wa 2013 haimruhusu mtu kumkamata nyoka shambani na kumfuga nyumbani apendavyo. Kibali cha Shirika la Huduma kwa Wanyamapori, KWS, ndicho msingi. Ndiyo maana nyoka wengi wanaotunzwa na binadamu nchini wamo katika bustani za maonyesho, mathalani ile ya Makavazi ya Kitaifa jijini Nairobi iliyofunguliwa mwaka wa 1961 na ile ya Watamu iliyoanzishwa mwaka wa 1980. Hata hivyo, elimu ya kumtunza nyoka ni moja, awe katika bustani hizo au katika sebule ya Mkenya aliyehamia ughaibuni.

Maji hupotea vipi?

Watu wengi huamini kwamba magamba ya nyoka ni kama koti la mpira lisilopitisha maji. Imani hiyo ina ukweli nusu. Ndani ya ngozi yake mna tabaka la mafuta linalopunguza uvukaji wa maji, na tabaka hilo huwa bora zaidi kwa nyoka wa nchi kavu kuliko kwa wale wa misituni au majini. Hata hivyo, kupunguza si kuzuia. Kila saa maji kidogo huvuka kupitia ngozi, mengine huondoka na pumzi, na mengine hutoka pamoja na kinyesi. Wakati wa kujivua gamba upotevu huo huongezeka.

Nyoka amejaliwa njia moja kubwa ya kubana matumizi. Mkojo wake hauwi maji matupu kama wa binadamu. Uchafu wa mwilini hugeuzwa kuwa asidi ya yuriki, ambayo hutoka ikiwa uji mweupe au bonge linalofanana na chokaa. Nyoka hana hata kibofu cha kuhifadhia mkojo. Lakini figo zinahitaji maji ili kuisukuma asidi hiyo nje. Maji yakipungua sana, chembe zake hubaki na kuganda katika figo na viungo vingine. Huo ndio ugonjwa wa jongo, ule ule unaomtesa binadamu vidoleni, ila kwa nyoka huweza kuvamia hadi moyo na ini. Mara nyingi dalili zinapodhihirika huwa muda wa kumwokoa umekwisha.

Porini, nyoka hupambana na upotevu huo kwa kuchagua. Jua linapokuwa kali huingia shimoni, mahali ambapo hewa ina unyevu kuliko juu ya ardhi. Alfajiri hunywa umande uliotanda majani. Mvua inaponyesha hunywa vidimbwi, na wapo wanaokunywa matone yaliyotua juu ya miili yao wenyewe. Katika jangwa la Namib, kusini magharibi mwa Afrika, kuna kifutu mdogo wa mchangani ambaye ukungu wa bahari humgandia mwilini asubuhi, naye huyaramba matone hayo kutoka kwenye magamba yake. Nyoka wengi wa mitini nao hutegemea matone kwenye majani na kwenye ngozi zao, na hata wakifungiwa karibu na bakuli lililojaa huenda wasilitambue kuwa ni maji ya kunywa.

Mfano wa ajabu zaidi uko Bahari Hindi, kwenye maji ya pwani ya Kenya pia. Nyoka wa baharini mwenye tumbo la manjano huzaliwa, huwinda na kufa baharini. Kwa muda mrefu ilidhaniwa kwamba huyanywa maji ya chumvi na kuitoa chumvi hiyo kwa tezi iliyo chini ya ulimi wake. Utafiti uliofanywa katika pwani ya Costa Rica na kuchapishwa mwaka wa 2014 ulibainisha kinyume. Nyoka hao hungojea mvua kubwa, wakanywa maji baridi yanayoelea kwa muda mfupi juu ya bahari kabla ya kuchanganyika na chumvi. Msimu wa kiangazi unaporefuka, huvumilia kiu kwa takriban miezi sita au saba huku miili yao ikizidi kukauka. Ikiwa kiumbe aliyezungukwa na bahari nzima hana budi kungojea maji safi, hakuna sababu ya kudhani kwamba yule aliyefungiwa katika sanduku la kioo anaweza kuyakosa.

Chakula hakikati kiu

Hoja inayosikika sana miongoni mwa wafugaji ni kwamba panya ana maji mengi mwilini, hivyo nyoka anayekula vizuri hupata maji humo humo. Sehemu ya kwanza ya hoja hiyo ni kweli: takriban thuluthi mbili ya uzito wa panya, au zaidi kidogo, ni maji. Hitimisho lake ndilo lenye kasoro.

Mwaka wa 2019, watafiti wa Chuo Kikuu cha Jimbo la Arizona, Marekani, walichapisha matokeo ya uchunguzi wao kuhusu nyoka wa jangwani wenye njuga mkiani. Walipima hali ya maji mwilini kwa nyoka waliokuwa na kiu, kisha wakawalisha. Mlo haukuwaondolea ukavu. Walichohitaji nyoka hao ni maji ya kunywa.

Sababu yake si ngumu kuelewa. Kuyeyusha mnyama mzima, pamoja na mifupa na manyoya yake, ni kazi inayodai maji mengi. Nyama ina protini, na protini huacha taka ya naitrojeni ambayo lazima isafirishwe hadi kwenye figo na kutolewa nje. Mlo mkubwa kwa nyoka mwenye kiu basi ni sawa na kumwongezea mzigo punda aliyekwisha kuchoka. Ndiyo maana mfugaji mwerevu anapompokea nyoka mgeni aliyesafirishwa kwa siku kadhaa hutanguliza maji, akamwacha atulie, na kumpa chakula baadaye.

Kuna pia imani ya kale kwamba nyoka hupenda maziwa. Katika jamii nyingi husimuliwa habari za nyoka aliyeingia zizini usiku akamnyonya ng'ombe. Nyoka hana midomo laini ya kunyonyea, na meno yake makali yaliyopinda kwa ndani hayangevumiliwa na ng'ombe yeyote. Wala tumbo lake halikuumbwa kuyeyusha maziwa.

Ushahidi wa kusikitisha kuhusu imani hiyo hutoka India. Kila mwaka, kati ya Julai na Agosti, huadhimishwa sikukuu ya Nag Panchami ambapo swila hutolewa hadharani na waumini huwatengea maziwa. Watetezi wa wanyama wameeleza kwa miaka mingi jinsi baadhi ya wachezesha nyoka wanavyowanyima swila hao maji kwa muda mrefu kabla ya siku yenyewe. Anayetazama huona nyoka akinywa maziwa na kudhani anayafurahia. Kumbe ni kiu inayomlazimisha kunywa chochote chenye majimaji. Wengi wao huugua na kufa baadaye. Kinywaji cha nyoka ni kimoja tu, nacho ni maji.

Namna anavyokunywa

Mtu akimwona nyoka ametoa ulimi wake wenye ncha mbili karibu na maji, hudhani anaramba kama paka. Ulimi huo hutumika kunusa. Hukusanya chembe za harufu na kuzipeleka kwenye kiungo maalumu kilicho juu ya kinywa. Katika kunywa hauna kazi kubwa.

Nyoka hutia ncha ya kinywa chake majini na kukiacha wazi kidogo mno, akatulia. Kwa muda mrefu wataalamu waliamini kwamba huvuta maji kama mtu anayetumia mrija. Mwaka wa 2012, watafiti nchini Marekani walieleza kwamba kwa baadhi ya nyoka kuna njia nyingine. Kwenye taya la chini mna mikunjo mingi midogo ya nyama laini, ile ile inayomwezesha kupanua kinywa anapomeza windo. Mikunjo hiyo huingiza maji jinsi sifongo inavyofanya, kisha misuli huikamua na kuyasukuma maji hayo kooni.

Maarifa haya yana manufaa kwa mfugaji. Kwanza, maji yanapaswa kuwa na kina kinachotosha kuzamisha midomo, kwa hiyo tone moja kwenye kifuniko cha chupa halimsaidii chatu. Pili, unywaji huu ni wa polepole na huhitaji utulivu. Nyoka anayeshikwashikwa au aliyewekwa mahali penye kishindo hataweka kichwa chake majini kwa dakika kadhaa. Tatu, na hili ni la hatari, maji hayapaswi kumiminwa kinywani mwa nyoka kwa nguvu. Tundu la hewa liendalo mapafuni limo mbele kabisa kwenye sakafu ya kinywa chake, na asiye na ujuzi atayapeleka maji mapafuni kwa urahisi akidhani anaokoa maisha.

Bakuli lifaalo

Bakuli bora ni zito, lina kitako kipana na kuta laini zisizo na nyufa. Udongo uliopakwa vigae vya kung'aa, kauri na plastiki ngumu nzito hufaa. Chombo chepesi hupinduliwa usiku, na mfugaji akiamka hukuta matandiko yamelowa na nyoka hana maji. Nyufa na mikwaruzo ni maficho ya vijidudu.

Ukubwa hutegemea nyoka mwenyewe. Chatu hupenda kujilaza majini, hivyo bakuli lake linapaswa kumtosha akiwa amejikunja, wala lisijazwe hadi ukingoni kwa sababu akiingia maji yatafurika. Boa wa mchanga, kwa upande wake, huchimbua chini ya kila kitu. Chombo chake kiwe kidogo na kizito, kikae moja kwa moja juu ya sakafu ya sanduku badala ya kukaa juu ya mchanga, na kiwekwe upande wa ubaridi mbali na taa. Hapo ndipo kosa lililotajwa mwanzoni hurekebishwa: mchanga hubaki mkavu na maji yakawapo. Makinda huhitaji chombo kifupi wanachoweza kupanda na kushuka bila kuzama. Hao wasisahaulike hata siku moja, kwa sababu mwili mdogo hukauka upesi kuliko mkubwa.

Nyoka wa mitini hunyunyiziwa maji masafi kwa bomba la kunyunyizia, matone yakatua kwenye majani na juu ya mwili wake. Hata hivyo, bakuli pia liwepo.

Kuhusu maji yenyewe, kanuni rahisi ni hii: yale ambayo mwenye nyumba hathubutu kuyanywa asimpe nyoka wake. Maji ya mfereji yaliyotiwa klorini kwa kiwango cha kunywewa na binadamu hayana tatizo, na harufu ya klorini ikiwa kali yanaweza kuachwa usiku kucha katika chombo kipana kilichofunikwa kwa wavu. Maji ya mto, ya bwawa au yaliyonunuliwa kwa mkokoteni yasiyojulikana yalikotoka yanapaswa kuchemshwa kisha yakapoa kabisa.

Kuchemsha, hata hivyo, hakutibu kila kitu. Visima vingi vya Bonde la Ufa vina floridi nyingi, na vingi vya nchi kavu za mashariki na kaskazini hutoa maji ya chumvi. Moto huua vijidudu lakini hauondoi floridi wala chumvi. Maji yanapopungua chunguni, vitu hivyo hukolea zaidi. Katika maeneo hayo, maji ya mvua yaliyokingwa kutoka paa safi, baada ya kuacha mvua ya kwanza ioshe vumbi na vinyesi vya ndege, ni bora kuliko ya kisimani.

Usafi wa kila siku

Bakuli huweza kuonekana safi ilhali limejaa maradhi. Nyoka hupitisha tumbo lake humo, hutupia mchanga, na wengi wao huenda haja majini. Katika joto la sanduku, maji yaliyosimama huwa kama chungu cha kuoteshea bakteria. Mfugaji akipitisha kidole ndani ya bakuli la siku tatu atahisi utelezi. Utelezi huo ni utando wa vijidudu vilivyojishikiza ukutani, na kubadilisha maji bila kuusugua ni kazi bure.

Kwa hiyo maji hubadilishwa kila siku, na papo hapo yakionekana kuchafuliwa. Bakuli huoshwa kwa sabuni na maji moto na kusuuzwa. Angalau mara moja kwa wiki hutiwa dawa: sehemu moja ya dawa ya klorini ya kufulia kwa sehemu tisa za maji, likaachwa kwa dakika 10, kisha likasuuzwa hadi harufu iishe na kukaushwa. Dawa hiyo isichanganywe na nyingine yoyote. Dawa za kusafishia sakafu zenye fenoli au mafuta ya msonobari ziepukwe, kwani ni sumu kwa wanyama watambaao. Mwenye nyoka wengi awe na mabakuli mawili kwa kila mmoja, moja likikauka jingine likitumika, wala asihamishe bakuli la nyoka huyu kwa yule.

Usafi huu unamlinda binadamu pia. Nyoka wengi hubeba bakteria wa salmonela matumboni pasipo kuugua wenyewe, na maji ya bakuli ni mojawapo ya njia za kuwasambaza. Kwa mtu mzima mwenye afya madhara huweza kuwa kuhara na homa. Kwa mtoto aliye chini ya miaka mitano, mja mzito, mzee au mtu ambaye kinga yake imedhoofika, maradhi hayo huweza kuhatarisha maisha. Bakuli la nyoka basi halioshwi kwenye karo la jikoni wala kwa sifongo ya vyombo vya kulia, na maji yake humwagwa chooni. Baadaye mikono huoshwa kwa sabuni.

Unyevu wa hewa

Maji hayamfikii nyoka kwa bakuli pekee. Hewa kavu humnyonya hata akiwa na maji ya kunywa, na taa za joto hukausha zaidi. Kila aina ina kiwango chake. Chatu wa Afrika Magharibi anayependwa sana na wafugaji, yule ajikunjaye kama mpira, hustawi hewa inapokuwa na unyevu wa asilimia 50 hadi 60, nao huongezwa anapokaribia kujivua gamba. Boa wa mchanga huhitaji hewa kavu kuliko hiyo, ila humfaa kuwa na pembe moja yenye maficho madogo yaliyowekwa kuvu-maji au karatasi nyevu anapokuwa katika hatua hiyo. Kipimaunyevu cha bei nafuu huondoa ubahatishaji.

Kinyume chake pia ni hatari. Yupo mfugaji ambaye, akiogopa ukavu, humwagia maji sanduku zima na kuziba matundu ya hewa. Nyoka anayelala juu ya matandiko yaliyolowa huota malengelenge tumboni, magamba yakaoza, na kifua kikashikwa na homa ya mapafu. Kinachotakiwa ni hewa yenye unyevu wa kadiri inayozunguka, juu ya sakafu kavu.

Dalili na tiba

Mfugaji anayemtazama nyoka wake kwa makini huweza kuigundua kiu mapema. Ngozi ikibanwa taratibu ubavuni hubaki na mkunjo badala ya kurejea upesi. Macho huonekana yamebonyea. Mate ya kinywani hunata kama gundi. Gamba hutoka vipande vipande, na pengine ile ngozi angavu inayofunika jicho ikabaki. Sehemu nyeupe ya kinyesi huwa ngumu, kavu na ya manjano. Uzito hushuka, na hapo mizani ndogo ya jikoni iliyotengwa kwa kazi hiyo pamoja na daftari vina thamani kubwa, kwani jicho husahau ilhali tarakimu hubaki.

Ikiwa dalili ni hafifu na nyoka hana sumu, huwekwa katika beseni lenye maji vuguvugu ya nyuzi 28 hadi 30 za sentigredi, kina chake kisizidi nusu ya unene wa mwili wake, kwa dakika 20 hadi 30. Beseni lifunikwe kwa kifuniko chenye matundu, na mtu asiondoke. Lengo ni kumpa nafasi ya kunywa kwa utulivu. Gamba lililokwama jichoni halibanduliwi kwa kucha. Nyoka aliyelegea, asiyeweza kujigeuza akilazwa chali, au ambaye hajanywa baada ya siku moja au mbili, apelekwe kwa daktari wa mifugo mwenye ujuzi wa wanyama hao, ambaye anaweza kumdunga maji mwilini kwa kipimo. Nyoka mwenye sumu hashikwi na mtu asiyefunzwa, hata akiwa hoi. Hata kubadilisha bakuli la swila au la moma ni kazi ya aliyehitimu.

Bakuli lenyewe pia husema. Nyoka ambaye hakuwa na mazoea ya kulala majini akianza kukaa humo mchana kutwa, huenda sanduku lina joto kupita kiasi, huenda anakaribia kujivua gamba, au amevamiwa na utitiri. Wadudu hao ni wadogo kama chembe za pilipili manga, hujificha chini ya magamba wakinyonya damu, na nyoka hujizamisha ili kuwapunguza. Mfugaji anayemwaga maji bila kuyatazama hawaoni. Anayeyatazama kwanza hukuta vidoadoa vyeusi vimetua chini ya bakuli, akaanza tiba kabla nyoka hajaishiwa damu.

Hakuna katika haya yote jambo la gharama kubwa. Bakuli, sabuni, maji masafi na dakika tano kila siku vinatosha. Kinachokosekana kwa kawaida ni mazoea. Mtu husafiri kwa wiki mbili akijiambia kwamba nyoka hali kila siku, asikumbuke kwamba bakuli litakauka, au litapinduliwa, usiku ule wa kwanza. Katika mitaa ambako maji huja kwa zamu, lita chache za akiba ya nyoka zihesabiwe pamoja na zile za watu wa nyumbani.

Huko Nyakach, karibu na Ziwa Victoria, wengi walimwenzi chatu aliyeitwa Omieri kwa imani kwamba alipotokea, mvua na mavuno mema vilikuwa njiani. Mwaka wa 1987, mmoja wa chatu walioitwa kwa jina hilo aliungua kwa moto, akaletwa Nairobi kutibiwa na akafia huko, nao wenyeji wakahuzunika mno. Katika imani hiyo, nyoka ndiye aliyewaletea watu mvua. Ndani ya sanduku la kioo mambo yamegeuka. Humo hamna umande, shimo lenye unyevu, wala wingu la kungojewa, na aliyemfungia nyoka ndiye mvua yake ya pekee.